Muuguzi, Mama na Kicheko: Tamthilia ya "No Angels" katika Somo la Rejesta

Mwanafunzi wa Kiswahili akiulizwa atoe mfano wa rejesta (wengine huiita sajili), mara nyingi atakimbilia hospitali. Atataja daktari, sindano, wodi, dawa, na baada ya hapo kimya. Sisi walimu tumechangia jambo hili, kwa sababu maswali yetu ya mtihani huridhika na orodha ya msamiati. Lakini orodha ya msamiati si rejesta. Rejesta ni namna mtu mmoja anavyobadilisha lugha yake kulingana na anayezungumza naye, mahali alipo na jambo analotaka litendeke. Katika makala haya tunaeleza tamthilia moja ya runinga ya Uingereza ambayo, kwa maoni yetu, inafaa sana kulifundisha jambo hilo. Tunaitumia pia kuuliza swali gumu zaidi kuhusu Kiswahili chenyewe: je, tunamwitaje mwanamke anayelea watoto peke yake, na jina hilo linamfanya nini?

Tamthilia yenyewe ni "No Angels". Ilibuniwa na Toby Whithouse, ikatengenezwa na kampuni ya World Productions, na kuonyeshwa na Channel 4 katika misimu mitatu kati ya 2004 na 2006. Inahusu wauguzi wanne wanawake katika hospitali ya mji wa Leeds, kaskazini mwa Uingereza: Lia, Anji, Beth na Kate. Sehemu za hospitali zilipigwa picha katika majengo ya High Royds, nje ya Leeds, ambayo awali yalikuwa hospitali ya magonjwa ya akili. Mhusika tunayemfuata hapa ni Lia, aliyeigizwa na Louise Delamere. Ndoa yake imevunjika, ana binti mmoja, na anafanya kazi ya zamu. (Kwa sikio la Mswahili jina lenyewe ni amri ya kulia. Waandishi wa Leeds bila shaka hawakulikusudia hilo, lakini mwalimu hana sababu ya kulikataa.)

Kwanza tueleze utanzu. Katika runinga ya Uingereza kulikuwa na desturi mbili zilizokaa mbalimbali kwa muda mrefu. Desturi moja ni vichekesho vya nusu saa, vinavyorekodiwa studioni mbele ya watazamaji ambao kicheko chao husikika. Nyingine ni tamthilia nzito ya karibu saa nzima, isiyo na kicheko cha mtu yeyote. Utanzu wa tatu umezaliwa kati ya hizo mbili. Unachukua urefu wa tamthilia nzito, unapigwa picha katika mahali halisi, hauwaelekezi watazamaji wacheke wapi, lakini umejaa mzaha. "No Angels" ni ya utanzu huu wa tatu. Mtazamaji anacheka, na kabla hajafunga mdomo anaonyeshwa mtu anayekufa.

Katika uhakiki wa fasihi ya Kiswahili tunayo istilahi za kutosha: tanzia, futuhi, ramsa, tanzia-ramsa. Hata hivyo hatushauri kuiita tamthilia hii tanzia-ramsa bila kufikiri. Istilahi hiyo hutumiwa kwa mchezo wa jukwaani ambao msuko wake mzima huelekea kwenye maangamizi na kisha kuponyoka, au kinyume chake. Utanzu wa runinga tunaouzungumzia hauna mwelekeo wa namna hiyo. Wiki hii mgonjwa anapona, wiki ijayo mwingine anazikwa, na wauguzi walewale wanarudi zamu. Tunaona "tamthilia ya kicheko na huzuni" inatosha, ijapokuwa ni ndefu.

Wako wanafunzi wanaoona kwamba kuchanganya hivi ni kuwakosea heshima wagonjwa. Hapa mwalimu anaweza kuwakumbusha utani. Kule Tanzania, Wahehe na Wangoni ni watani, na Wanyamwezi na Wazaramo hali kadhalika. Mtani hufika msibani akafanya mzaha mbele ya maiti, akamwigiza marehemu alivyotembea, akadai alipwe ndipo jeneza lipite. Wafiwa hucheka huku machozi yakiwatoka, na hakuna anayesema kwamba marehemu amedharauliwa. Mzaha wa wauguzi wanaokunywa chai saa kumi ya usiku una kazi inayokaribiana na hiyo. Tofauti ni kwamba mtani ana ruhusa ya jamii nzima. Muuguzi wa Leeds ana ruhusa ya wenzake watatu tu, na mgonjwa akimsikia, ruhusa hiyo inavunjika. Hofu ya kusikika ndiyo inayobeba sehemu kubwa ya taharuki ya tamthilia hii.

Tuje kwenye jina. "No Angels" ni jibu, na jibu halieleweki bila swali lake. Florence Nightingale alipowahudumia askari wa Uingereza katika Vita vya Krimea kuanzia 1854, magazeti ya kwao yalimfananisha na malaika. Chuo cha wauguzi kilichobeba jina lake kilifunguliwa katika hospitali ya St Thomas' mjini London mwaka 1860, na sura ya muuguzi kama mwanamke msafi, mtiifu, asiyechoka, ikaota mizizi. Runinga iliirithi. "Emergency-Ward 10" ilionyeshwa na ITV kutoka 1957 hadi 1967. BBC nayo ilikuwa na tamthilia kuhusu wanafunzi wa uuguzi iliyoitwa waziwazi "Angels", kuanzia 1975 hadi 1983. Kwa hiyo mtazamaji wa 2004 aliyeona maneno "No Angels" kwenye skrini alijua ni nani anayejibiwa.

Kwa nini muuguzi akatae kuitwa malaika? Kwa sababu malaika halipwi. Hana kodi ya nyumba, hana mtoto wa kumchukua shuleni, wala hachoki miguu. Katika masika ya 2020, wakati wa janga la Uviko-19, Waingereza walisimama milangoni kila Alhamisi jioni wakawapigia makofi wahudumu wa afya. Mnamo Desemba 2022 chama cha wauguzi, Royal College of Nursing, kiliitisha mgomo kuhusu malipo, mgomo mkubwa kuliko wowote katika historia yake hadi wakati huo. Makofi na mgomo vilitenganishwa na miaka isiyofika mitatu. Whithouse hakuwa nabii, lakini alikuwa ameshika jambo la kweli: sifa kubwa mno inaweza kuwa njia ya kutomsikiliza mtu.

Upande wa pili wa Lia ni mama. Hapa ndipo tunapoona ustadi wa kumchagua mhusika huyu. Katika Uingereza ya miaka ya 1990, mama anayelea peke yake alikuwa amefanywa mhalifu wa kisiasa. Mwaka 1992 waziri wa hifadhi ya jamii, Peter Lilley, alisimama katika mkutano mkuu wa chama cha Conservative akatongoa orodha ya watu aliowaona kuwa kero, kwa kuiga wimbo maarufu wa jukwaani. Miongoni mwao walikuwamo wasichana wanaodaiwa kubeba mimba ili wapewe nyumba za serikali mapema. Ukumbi ulishangilia. Serikali ya Labour ilipoingia, hali haikubadilika mara moja. Desemba 1997 bunge lilipitisha kupunguzwa kwa posho ya wazazi wanaolea peke yao, na wabunge 47 wa chama hichohicho cha serikali wakapiga kura ya kupinga.

Basi katika mwili mmoja wamekutana mfanyakazi anayependwa kuliko wote nchini na mwanamke anayelaumiwa kuliko wote. Akiwa amevaa sare anaitwa malaika. Akivua sare na kusimama kwenye foleni ya ofisi ya posho, anaitwa mzigo. Mwandishi hahitaji kutunga fumbo lolote zaidi. Anachohitaji ni kumfanya Lia avuke lango la hospitali mara mbili kwa siku.

Kampuni ya World Productions ilianzishwa mwaka 1990 na Tony Garnett. Garnett huyu ndiye aliyekuwa mtayarishaji wa "Cathy Come Home", mchezo wa BBC ulioongozwa na Ken Loach na kuonyeshwa Novemba 1966. Humo mama mmoja anapoteza makazi, anatenganishwa na mumewe kwa sheria za hosteli, na mwishoni ananyang'anywa watoto wake kwenye kituo cha treni. Hakuna kicheko katika mchezo ule. Ukitazama kazi hizo mbili pamoja unaona safari ya karibu miaka 40 kutoka kwa mama anayeliliwa hadi kwa mama anayecheka mwenyewe. Hatusemi kwamba cha pili ni bora kuliko cha kwanza. Ila yule anayecheka mwenyewe ana maneno yake, na sisi walimu wa lugha tunatafuta maneno.

Wamarekani walikuwa wamempata muuguzi-mama wao mapema. Septemba 1968 NBC ilianza kuonyesha "Julia", ambamo Diahann Carroll aliigiza muuguzi Mmarekani Mweusi anayemlea mwanawe, Corey. Iliendelea hadi 1971. Lakini tazama walivyomkinga mhusika wao: mumewe alikuwa rubani wa jeshi aliyeuawa Vietnam. Julia ni mjane. Hakuna mtazamaji angeweza kumwuliza mume yuko wapi bila kujionea haya. Lia hana kinga hiyo.

Neno "mjane" linatuleta nyumbani. Tulipojaribu kuandika muhtasari wa tamthilia hii kwa Kiswahili kwa matumizi ya darasa, sentensi moja tu ilitukwamisha: ile inayomtambulisha Lia. Kwa Kiingereza ni rahisi, maneno mawili yanatosha. Kwa Kiswahili kila neno linaloletwa limekwisha kutoa hukumu kabla mhusika hajafungua mdomo.

Chukua "mjane". Limejaa heshima na huruma, lakini ni uongo, kwa kuwa mume yu hai. "Mtalaka" lina ukweli fulani, ila hubeba mnong'ono wa majirani, na aghalabu hudai kuelezwa ni mtalaka wa nani. "Mseja" ni mtu ambaye hajaoa wala kuolewa. "Mzazi mmoja" ni neno la maofisini. Tunaliona katika ripoti na katika fomu, lakini hatujamsikia mtu akimwita jirani yake "mzazi mmoja". "Singo maza" ndilo neno lililo hai mitaani Dar es Salaam na kwingineko, katika nyimbo na magazeti ya udaku. Wapo wanawake wanaolitumia kwa kujivuna, na wapo wanaume wanaolitumia kwa kejeli. Likiandikwa katika muhtasari, msomaji hawezi kujua ni sauti ipi tuliyokusudia.

Vitenzi ni vigumu zaidi. Kiingereza kinaweza kusema ndoa imekwisha na kunyamaza. Sarufi ya Kiswahili hainyamazi, bali inataka kujua nani alitenda na nani alitendwa. "Ameachwa" inamfanya Lia mtendwa. "Ameachika" inaashiria hali iliyomfika, kana kwamba kuachika ni tabia ya mwanamke kama glasi inavyovunjika. "Amemwacha mumewe" inamfanya mtenda, na katika masikio ya wengi inamfanya pia mkosaji. "Wameachana" peke yake ndiyo inayogawa tendo kwa wote wawili sawasawa, kwa nguvu ya mnyambuliko wa kutendana. Tulichagua "wameachana". Uchaguzi huo wenyewe ni tafsiri ya tamthilia nzima, na mwanafunzi atakayechagua "ameachwa" ameandika tamthilia nyingine.

Kuna kitenzi kimoja ambacho tunamwomba kila mwalimu akitumie darasani, nacho ni kuzalisha. Mkunga humzalisha mama; ni kazi ya heshima, na mama hujisemea bila aibu kwamba amezalishwa na mkunga fulani. Lakini mtaani "amezalishwa" husemwa pia kuhusu msichana aliyepewa mimba na mwanamume ambaye hakumwoa, na mara nyingi huongezwa "akaachwa". Neno lilelile, kauli ileile ya kutendwa, na mtu anayesimama baada ya "na" ndiye anayegeuza sifa kuwa fedheha. Halafu kuna "amezalia nyumbani". Mgeni wa lugha atadhani maana yake ni kwamba hakuwahi kufika hospitali, kumbe maana yake ni kwamba alizaa akiwa bado kwa wazazi wake, bila ndoa. Katika hadithi ya muuguzi ambaye ni mama bila mume, maana zote hizi hukutana katika wodi moja. Kama tamthilia ya namna hii ingeandikwa kwa Kiswahili tangu mwanzo, nusu ya mizaha yake ingetoka hapa, na hakuna mfasiri ambaye angeweza kuipeleka Leeds.

Hapa Uganda tuna mfano mwingine wa karibu. Waganda humwita mwanamke anayejitegemea bila mume "nnakyeyombekedde", maana yake aliyejijengea mwenyewe. Humo hamna mume, hamna mtoto wala hamna kuachwa, mna nyumba. Hatusemi kwamba neno hili halina ukali wake, maana linaweza kusemwa kwa kukunja pua kama mengine. Lakini kisarufi mwanamke huyu ni mtenda. Wanafunzi wetu wanaozungumza Luganda huliona jambo hili haraka kuliko kitabu chochote cha isimujamii.

Upande wa uuguzi Kiswahili kina raha zaidi. "Muuguzi" latokana na kuuguza, nako kuuguza kunatokana na kuugua. Si kazi ya mshahara peke yake: mama anayekaa kitandani pa mwanawe mwenye homa anamwuguza, na ndugu anayelala chini ya kitanda cha mgonjwa hospitalini naye anauguza. Kwa Kiswahili, basi, Lia anafanya tendo lilelile kazini na nyumbani, na kitenzi kimoja chatosha. Kiingereza kimeyatenga mambo hayo kiasi kwamba tamthilia inabidi ifanye kazi kubwa kuyaunganisha.

"Nesi" ni neno la kila siku. "Sista" lina historia ndefu zaidi. Katika hospitali za Uingereza ndicho cheo cha muuguzi anayesimamia wodi, kilichorithiwa kutoka kwa watawa waliowahudumia wagonjwa, na kwetu liliingia kwa milango miwili, wa misheni na wa hospitali ya serikali ya kikoloni. Ndiyo maana hadi leo "sista" ni mtawa na ni muuguzi pia, na mgonjwa anayeita "Sista!" hahitaji kujua ni yupi aliyepita. "Metroni" nalo lina kisa. Cheo hicho kilifutwa katika hospitali za Uingereza kufuatia ripoti ya mwaka 1966 iliyopanga upya uongozi wa wauguzi, na kilirudishwa kwa sura mpya mwaka 2001 baada ya wananchi kulalamika kwamba wodi hazina mwenyewe. Katika miaka yote ile ya kutokuwepo kwake, metroni aliendelea kuishi katika filamu za vichekesho za "Carry On", akiigizwa na Hattie Jacques kwa kifua mbele na sauti ya kutetemesha vitanda. Kwetu hakuwahi kufa, si hospitalini wala katika mabweni ya shule. Mwanafunzi wa Afrika Mashariki anayetazama kichekesho cha Kiingereza kuhusu metroni haelezwi kitu. Anamjua.

Sasa turudi kwenye rejesta. Muuguzi wa tamthilia hii ana sauti nne, na anabadilisha moja hadi nyingine katika dakika moja ya ukumbi wa hospitali. Mifano ifuatayo tumeitunga wenyewe kwa ajili ya darasa. Haikunukuliwa kutoka kwenye tamthilia. Tukio ni moja: mzee wa kitanda cha sita amechomoa dripu.

Kwa mgonjwa: "Mzee wangu, mbona umeichomoa tena? Hebu tulia kidogo nikuwekee vizuri. Haitauma."

Kwa daktari: "Mgonjwa wa kitanda namba sita amechomoa dripu mara mbili usiku huu. Presha imeshuka. Naomba uje umwangalie."

Kwa muuguzi mwenzake: "Babu wa sita ananitoa jasho leo. Akiichomoa tena, nitaifunga kwa kamba ya kiatu."

Kwa binti yake, kwenye simu: "Mama anachelewa kidogo. Kuna babu hapa hataki kulala. Kama wewe."

Msamiati wa hospitali katika mifano hii ni mdogo sana. "Dripu" na "presha" tu ndiyo ya kutajwa. Kinachobadilika ni kingine. Kwa mgonjwa kuna kimilikishi cha mapenzi, "wangu", kuna "hebu" na "kidogo", na lawama imevalishwa vazi la swali. Kwa daktari mtu amegeuka namba, hisia zimeondolewa, na amri imefichwa ndani ya "naomba". Kwa mwenzake, mgonjwa na kitanda vimekuwa kitu kimoja: "babu wa sita". Kwa mtoto, mama anajitaja kwa nafsi ya tatu kama wanavyofanya akina mama wengi, na uchovu wote wa usiku ule umefupishwa ukawa maneno mawili ya mwisho.

Kicheko hupatikana sauti hizi zinapopotea njia. Muuguzi anayemwambia daktari bingwa "hebu tulia kidogo, haitauma" amefanya futuhi bila kutumia neno moja la kuchekesha. Anayempigia simu binti yake na kusema "naomba taarifa ya chakula cha usiku" amefanya vivyo hivyo, ingawa hapo kicheko kina uchungu ndani yake, maana tunaona kazi imemfuata hadi nyumbani. Tunapendekeza wanafunzi wapewe zoezi hili hasa: wachukue sentensi moja, waihamishe kwa msikilizaji asiyestahili, kisha waeleze kwa nini imechekesha. Mwanafunzi akiweza kueleza, ameelewa rejesta.

Sehemu ya kwanza ya "No Angels" ina tukio ambalo liliwashtua wengi. Mgonjwa amefariki usiku bila mtu kujua, na saa zimepita. Ili isigundulike kwamba hakutazamwa, wauguzi wanauingiza mwili wake katika maji ya moto, upate joto na ionekane amekufa muda si mrefu. Ni tukio la kuchekesha na la kuogofya kwa pamoja, na hatudhani kwamba mwandishi anawatetea wauguzi hawa. Anaonyesha wodi yenye wagonjwa wengi na mikono michache, kisha anaonyesha watu wazuri wakifanya jambo baya ili kazi isiwaponyoke. Mama mwenye binti wa kulisha ana sababu yake ya kuogopa kufukuzwa, na mtazamaji anajikuta anataka wafaulu, huku akimfikiria marehemu angekuwa baba yake.

Kwa mwalimu wa Kiswahili tukio hilo ni somo la tasfida. Je, wahusika hawa wangesema "marehemu", "mwili" au "maiti"? Wangesema "amefariki", "ameaga", "amekata roho" au "amekufa"? Maoni yetu ni kwamba wangeanza na "amefariki", kwa mazoea ya kazi. Hofu ikizidi wangeshuka hadi "amekufa", na akiingia mtu wa nje wangerudi juu haraka mno, "marehemu" kila sentensi. Wapo wenzetu wasiokubaliana nasi. Wanasema muuguzi wa kwetu hangetamka "maiti" mbele ya mwili wenyewe hata akiwa na wenzake tu. Huenda. Lingekuwa jambo jema kama mmoja wa wanafunzi wa uzamili angelifanyia utafiti.

Jina la tamthilia lenyewe linafaa kuwa zoezi la tafsiri. "Hakuna Malaika" ni sahihi kisarufi, lakini ni kauli ya mgonjwa aliyeita bila kuitikiwa, na baada ya tukio la maji ya moto inasikika kama mashtaka. "Si Malaika" ni fupi na ina faida moja: nomino "malaika" haibadiliki katika wingi, hivyo jina linaweza kuwa la mmoja au la wote wanne. Kasoro yake ni kwamba haina msemaji. "Sisi si Malaika" inarudisha kauli kwa wauguzi wenyewe. Tumeichagua hiyo, ingawa ulimi hugongana kidogo kwenye "sisi si".

Kwa wanaotaka kuitumia, tahadhari mbili. Tamthilia hii ni ya watu wazima. Ina matusi na mambo ya chumbani, kwa hiyo haifai shule za sekondari, na hata chuoni ni vizuri mwalimu achague vipande mapema. Pili, lafudhi ya Leeds huwapa taabu wanafunzi wetu, hata wale wanaojivunia Kiingereza chao. Dakika tano zilizochaguliwa vyema, zikatazamwa mara tatu, zinatosha kwa kipindi cha saa mbili.

Zoezi la nje ya darasa ni rahisi. Mwanafunzi akae kwenye baraza la zahanati kwa saa moja, kwa idhini ya msimamizi, aandike namna wauguzi wanavyoitwa na wagonjwa: sista, nesi, daktari, mama, au musawo, ambalo hapa kwetu huwafunika wote bila kujali cheo. Asiandike jina la mgonjwa wala ugonjwa wake. Kisha aulize wauguzi watatu ni jina lipi wanalopenda kuitwa, na aje na jibu hilo darasani.